Siku Kikapu Hakikushuka

Nilianguka chooni siku ya Jumanne, saa kumi na mbili na nusu asubuhi, na kabla sijaendelea niseme kabisa kwamba sikuanguka kwa uzee. Nilianguka kwa sabuni. Kipande cha sabuni kilikuwa chini, nikakikanyaga, basi. Mwanangu Khatib mpaka leo anasema ni uzee, na kila akisema hivyo namwonesha sabuni.

Nilikaa pale chini mpaka saa nane mchana. Mguu wa kulia ulinikataa, kiuno kinawaka moto, na simu iko chumbani juu ya kitanda, inalia. Niliisikia ikilia mara sita. Redio nayo niliiacha ikisema peke yake ukumbini, kwa hiyo nilisikiliza taarifa ya habari, kipindi cha wakulima wa mwani, nyimbo mbili za taarabu na matangazo ya vifo, nikashukuru kwamba jina langu halimo. Mtu mmoja alibisha hodi, mara moja tu. Nikadhani ni wageni wanaolala ghorofa ya kwanza wamepotea mlango, nikanyamaza. Saa nane Khatib alifungua kwa ufunguo wake, akanikuta nimejitupia taulo kichwani.

"Usiingie," nilimwambia, "sina mtandio."

Akaingia.

Naitwa Tahiya binti Matar, nina miaka sabini na moja. Nilifanya kazi ya kuunganisha simu posta kwa miaka ishirini na tatu, enzi zile ambazo ukitaka kuzungumza na mtu wa Pemba lazima upite kwangu. Nikiisikia sauti ya mtu mara moja siisahau tena. Ninakaa Kiponda, Mji Mkongwe, ghorofa ya pili ya nyumba niliyoolewa ndani yake. Zamani nyumba hii ilikuwa na watu thelathini na mmoja. Najua kwa sababu nilikuwa nikiwahesabu kila sikukuu, nisimsahau mtoto wa mtu. Siku hizi chini kuna duka la vinyago na picha za simba. Ghorofa ya kwanza wamepaka rangi nyeupe, wametia kitanda cha Kizungu, na wanalala wageni wa siku mbili tatu. Mlango wao hauna hata pete ya kugongea. Una namba za kubonyeza. Mtu anafika na sanduku lake la magurudumu, anabonyeza, unafunguka, na keshokutwa hayupo. Hatujapata kujuana hata majina.

Mie magoti yangu hayapendi ngazi, kwa hiyo nina kikapu. Kila siku saa moja asubuhi nakiteremsha dirishani kwa kamba, Mabrouk wa mikate ananitilia boflo mbili, nakipandisha. Ijumaa kinashuka tena saa nne kwa ajili ya mchicha. Mama mkwe wangu alifanya hivyo hivyo, kwa dirisha hilo hilo. Tofauti ni kwamba siku hizi watembeza wageni wanasimamisha watu wao pale chini na kukielezea kikapu changu kama vile kimo ndani ya makumbusho. Wanakipiga picha. Siku moja mgeni mmoja alinitilia ndizi. Nilikasirika sana, halafu nikaila.

Basi. Khatib alinipeleka hospitali, wakanipiga picha, mfupa mzima, wakanipa dawa ya kuchua na mkongojo ambao siutumii. Jioni akanirudisha nyumbani, akanikalisha kitini, akavuta kigoda akakaa mbele yangu na kunishika magoti. Khatib akinishika magoti najua kuna jambo.

"Mama, ungekufa pale."

"Sikufa."

"Muda wa saa saba na nusu, mama. Nyumba nzima hii, mtaa mzima huu, hakuna aliyejua. Hebu nitajie mtu mmoja tu. Mmoja. Mtu ambaye asubuhi asipokuona atajiuliza, Bi Tahiya yuko wapi? Ukinitajia, sikwambii tena habari ya Fuoni."

Habari ya Fuoni ni hii. Khatib amejenga huko, nje ya mji, nyumba nzuri, na ndani yake kuna chumba changu chenye choo cha kukalia na vyuma vya kushikia ukutani. Nilikaa chumbani humo wiki tatu nilipofanyiwa operesheni ya jicho. Khatib anakwenda bandarini saa moja, mkewe Bashira anakwenda kusomesha, watoto wanakwenda skuli, geti linafungwa kwa kufuli, na mie nabaki na televisheni mpaka saa kumi. Bashira hana ila hata moja. Chakula ananiachia kimefunikwa, na mkabala wa kitanda amenitundikia picha ya Mji Mkongwe nisiukumbuke sana. Siku ya kumi na tano nilijikuta nazungumza na jokofu. Ukiwa wa kwangu Kiponda angalau naujua, una sauti za wapita njia na adhana za misikiti mitatu. Ule wa Fuoni ulikuwa na geti.

Nikafungua mdomo nimtajie Khatib mtu. Hakuna jina lililokuja. Bi Ummy wa mkabala yuko Muskati kwa mwanawe. Nyumba ya akina Kheir imekuwa hoteli. Mwanamkasi, shoga yangu wa miaka arubaini, yuko Mwanakwerekwe, na kwa Mwanakwerekwe nakusudia makaburini. Khatib alikuwa akinitazama, na nikaona machoni mwake kwamba anataka kweli nimtajie mtu, na kwamba ananionea huruma kwa kuwa sina. Huruma ile ndiyo iliyoniponza.

"Yupo Skola," nilisema.

"Skola nani?"

"Skola wa juu. Jirani yangu. Tunaonana kila siku."

"Mbona hujapata kumtaja?"

"Kwani nakutajia kila mtu nnayeonana naye?"

Akafikiri kidogo, kisha akatabasamu, na tabasamu lile lilinichoma kuliko kiuno. "Alhamdulillahi," alisema. "Basi Ijumaa nikitoka msikitini nakuja kula hapa, na huyo Skola awepo. Nataka kumshukuru kwa mdomo wangu. Lakini mama, kama hakuna Skola, Jumamosi nakuja na gari."

Sasa niseme ukweli kuhusu Skola. Jina lake nililijua kwa sababu watu wa nyumba za wageni humwita kutoka chini: "Skola! Mashuka!" Ni mwanamke wa bara aliyepanga chumba cha juu kabisa, na kazi yake ni kufua mashuka ya wageni. Anayafua kwa miguu, ndani ya beseni, dum, dum, dum, juu ya kichwa changu, kuanzia alfajiri. Kisha anayaanika yananing'inia mbele ya dirisha langu, nikitazama nje naona kitanda cha mtu. Siku moja yalidondoshea maji boflo zangu zikiwa njiani zinapanda.

Hayo yote ningeyasamehe. Nisilomsamehe ni sahani.

Ramadhani iliyopita, chungu ya tatu ya mfungo, nilipika futari. Mkono wangu haujajifunza kupika ya mtu mmoja; ulizoea watu wanane, na watu wanane wakijaa. Nikatazama mihogo ile ya nazi, na tambi, na kaimati, nikaona nikiila peke yangu itanikwama. Nikachukua sahani ya maua ya waridi, iliyobaki moja kati ya sita za arusi yangu, nikapakua, nikaifunika kawa, nikapanda ngazi kumi na nane na magoti yangu haya, nikaiweka mlangoni kwa Skola. Nilimsikia ndani anakanyaga mashuka. Nikabisha mara moja nikashuka, maana adhana ilikuwa karibu.

Kwetu sahani ya jirani ina safari yake. Inakwenda na kitu, inarudi na kitu, na siku mbili tatu baadaye inakwenda tena. Hivyo ndivyo tulivyokuwa tukijuana ndani ya nyumba hii, kwa sahani. Basi nikangoja. Kesho yake haikurudi. Kumi la kwanza likaisha, likaisha la pili, ikaja sikukuu, ikapita. Sahani yangu haikurudi, wala kawa langu. Nikasema loo, huyu ameniona mie mpumbavu. Tangu hapo nikikutana naye kwenye ngazi akisema "Shikamoo", namjibu "Marahaba" kwa sauti ya kumjibu askari. Na ile dum dum ikizidi, nagonga dari kwa mpini wa ufagio. Miezi sita tuliishi hivyo, yeye juu na mie chini, na huyo ndiye niliyemtaja.

Alhamisi nilipanda. Ngazi ya tisa nilikaa kitako nikampa Khatib maneno yake, ingawa hakuwepo. Njia nzima natafuta la kusema, maana sikuwa tayari kumwambia mtu niliyemgongea dari kwamba nnamhitaji.

Mlango ulikuwa wazi. Skola alikuwa ndani ya beseni, gauni kalikunja mpaka magotini, povu limemfika vifundoni. Nilimwona vizuri kwa mara ya kwanza. Mwanamke wa kiasi cha miaka arubaini, mwembamba, mabega ya kazi. Aliponiona aliacha kukanyaga.

"Shikamoo, Bibi."

"Marahaba. Nimekuja kuangalia maji."

"Maji gani, Bibi?"

"Yanayovuja."

"Yanavuja wapi?"

Nikageuza macho nitafute ukuta wenye unyevu, na hapo nikaiona. Kwenye pembe ya chumba kulikuwa na kabati dogo, limetandikwa kitambaa cheupe cha kudarizi. Juu yake kuna picha ya Bikira Maria, kitabu cha sala, na sahani yangu. Imesuguliwa mpaka maua yake yanang'aa. Kawa langu limetundikwa msumarini juu yake. Mie mwenyewe sahani ile sikuwahi kuiweka mahali pa heshima kama pale.

Skola akafuata macho yangu. Akatoka kwenye beseni, maji yanamchuruzika miguuni, akasimama mbele ya kabati kama mtu aliyekamatwa.

"Bibi, nilijua utakuja kuifuata."

"Miezi sita," nilisema. "Sahani gani inakaa miezi sita?"

"Dada mmoja tunayefanya naye kazi aliniambia, hapa kwenu sahani ya jirani hairudishwi tupu. Akasema ukirudisha tupu umemtukana mtu."

"Alikwambia kweli."

"Sasa mimi ningetia nini? Napika ugali na dagaa. Nikasema nipike wali, halafu nikafikiri, huyu mama ni Mwislamu, mtu wa dini, atajiuliza sufuria yangu imepikia nini. Nikaogopa atafikiri kitimoto."

"Imepikia?"

"Haijawahi hata siku moja. Lakini nani angeniamini? Nikasema nitanunua kitu kizuri dukani. Wiki zikapita. Ikawa sasa siyo kitu kizuri tu, inatakiwa kitu kizuri cha kuombea na msamaha. Ikazidi kuwa ngumu. Nikikusikia kwenye ngazi najificha, Bibi. Na ukigonga dari, najua ni sahani."

"Nilikuwa nagonga kwa kelele."

"Mimi nilijua ni sahani."

Nilikaa juu ya mafurushi ya mashuka. Nikamwambia, "Mwanamke wewe. Ungetia ndimu mbili. Ungetia sukari kiganja. Ungetia chumvi! Mwanamkasi, Mungu amrehemu, alinirudishia sahani na kibiriti ndani yake, na tulikuwa marafiki miaka arubaini."

"Kibiriti?"

"Kibiriti kimoja."

Akaanza kucheka, akajifunika mdomo, na nikaona kumbe macho yake yamejaa machozi. Akanichemshia chai ya rangi na tangawizi. Nikaambiwa jina lake zima ni Skolastika, ambalo sikuliweza, na kwao ni Mbinga, na ana binti anayesoma huko kwa bibi yake, wanazungumza kwa simu siku za Jumapili. Yuko Unguja mwaka wa nne. Katika miaka minne hiyo, alisema, mie ndiye mtu wa kwanza kuingia chumbani kwake bila ya mashuka mkononi. Alilisema hivi hivi tu, huku anakoroga sukari. Nikaona haya juu ya ule ufagio wangu.

"Kesho mwanangu anakuja kula," nilimwambia. "Na wewe uje."

"Mimi? Kuna nini?"

"Kuna wali. Na akikuuliza, mwambie tunaonana kila siku."

Alinitazama. "Lakini Bibi, mimi..." akaanza, kisha akaacha. "Sawa. Nitasema."

"Na usiniite Bibi, bibi ni wa wajukuu. Niite Bi Tahiya."

Nilipoinuka alinishika mkono mpaka ngazi ya mwisho. Alitaka kunipa sahani. Nikamwambia iache hapo hapo, haishuki mpaka aitie kitu.

Ijumaa kikapu kilishuka mara mbili, kama kawaida. Nilipika wali wa nazi, mchuzi wa nguru, mchicha na kachumbari, nikatandika mkeka. Skola alikuja na gauni lake la kanisani na kitambaa kichwani. Khatib akaja na kanzu, ananukia udi, akamsalimu kwa adabu zote nilizomfunza. Tukala. Kwa muda wa tonge tano mambo yalikwenda vizuri.

"Dada Skola," alisema Khatib, "sijui nikushukuru vipi. Mie niko mbali, kazi zenyewe ndiyo hizi. Kumbe mama ana mtu. Hebu niambie, ile dawa yake ya presha anaikumbuka? Asubuhi au jioni?"

Skola alinitazama. Nilikuwa nimekaa nyuma kidogo ya bega la Khatib, nikainua mkono taratibu kumwonesha jua linavyochomoza.

"Jioni," alisema Skola.

Khatib akamega tonge polepole. "Na chai yake? Anapenda ya maziwa?"

"Ya maziwa. Sana."

"Mama hanywi maziwa tangu mie nipo skuli."

Khatib si mtu wa kumkaripia mgeni. Alimuuliza kwa upole kabisa, na upole huo ulikuwa mbaya zaidi. "Dada yangu, humu ndani umeingia mara ngapi?"

Skola akatazama sahani yake. "Leo ni mara ya kwanza, kaka."

Khatib akageuka. "Mama."

Najua watoto wangu wanavyoniita. Kuna "mama" ya kuomba, kuna "mama" ya kucheka. Hii ilikuwa ya mtu ambaye keshalitia gari mafuta. Nikaona chumba cha Fuoni, na vyuma vya ukutani, na lile geti. Nilikuwa nimeshikwa na uongo mbele ya mwanangu, kwenye mkeka wangu, na samaki mkononi.

"Lakini kuonana kila siku ni kweli," alisema Skola.

Tukamtazama wote wawili.

"Jana nilitaka kumwambia Bi Tahiya, nikaona aibu. Mimi nafua karibu na dirisha. Kila siku saa moja mkono wake unatoka na kikapu kinashuka. Mkono una bangili mbili za fedha. Ijumaa kinashuka tena, mchicha. Akiwa na mafua kinashuka kimechelewa dakika kumi. Nikikiona nasema haya, kumekucha, na mimi naanza beseni la pili." Alikuwa akizungumza na Khatib lakini uso kauinamisha. "Jumanne hakikushuka. Mabrouk alipiga kengele yake akaondoka. Nikangoja mpaka saa mbili. Nikashuka, nikabisha hodi mara tatu. Nikasikia redio. Saa nne nikashuka tena, nikabisha. Nikasikia mtu anakohoa ndani. Nikasema mwenyewe yupo mzima, ila hataki kunifungulia, kwa sababu ya sahani. Nikaondoka. Nisamehe, kaka. Ningeita watu."

Hapa inanipasa nirudi nyuma nirekebishe. Nimesema kwamba aliyebisha hodi nilidhani ni wageni. Si kweli. Wageni hawabishi hodi, wana namba zao. Na nimesema alibisha mara moja. Alibisha mara mbili, na safari ya kwanza hodi tatu. Nilikwisha kusema pia kwamba sauti ya mtu nikiisikia siisahau, na ile "Shikamoo" yake nilikuwa nimeisikia miezi sita. Nilimjua kwa hodi ya kwanza. Nilikuwa nimelala juu ya sakafu, kichwa wazi, kanga imelowa, na nikasema moyoni, kuliko yule mla sahani yangu anione hivi, bora ningoje. Kisha nikakohoa, kumbe nilitaka anisikie. Sijui nilitaka nini.

Nikamwambia Khatib hayo yote. Sikumpamba mtu wala sikujipamba.

Alirudisha tonge kwenye sahani. Kisha akasema, "Mama, ulikuwa radhi kufa kwa ajili ya sahani?"

"Ilikuwa ya mwisho kati ya sita," nilisema, na nikaanza kulia. Nililia kwa sauti, mtu mzima mie, mbele ya mgeni. Nililia kwa sababu miaka yote hii nilikuwa nikinung'unika kwamba watu wameondoka na mji umeniachia milango ya namba, na siku mtu alipokuja mlangoni kwa miguu yake akaita hodi, mie ndiye niliyenyamaza. Skola naye akalia. Khatib alitutazama, mmoja huku na mmoja huku, mkono wake wa kulia umejaa mchuzi, hajui amshike nani.

Mwisho alinawa. Akatoa funguo zake mfukoni, akahangaika na kile kipete mpaka akauchomoa ufunguo wangu, akamwekea Skola mbele yake juu ya mkeka.

"Huu ulikuwa wangu," alisema. "Mie nitachonga mwingine. Chumba cha Fuoni kiko pale pale, mama, hakina haraka. Sasa naombeni mchuzi."

Alasiri ile ile sahani ilishuka. Skola aliileta mwenyewe, imefunikwa kawa, akaniwekea mezani akasimama kusubiri. Nikafunua. Ndani yake kulikuwa na kipande kipya cha sabuni, kimefungwa vizuri kwenye karatasi.

"Ndicho kitu changu kizuri nilichonacho," alisema.

Khatib, ambaye alikuwa bado hajaondoka, alicheka mpaka akakaa chini. Mie nilimshukuru Skola kama inavyotakiwa, na sabuni nikaiweka juu ya rafu, mbali na miguu ya watu.

Jumamosi, siku ambayo gari la Khatib lingekuwa limesimama Darajani, magari yanapoishia, linaningoja, niliamka mapema. Saa moja Mabrouk alifika chini, akapiga kengele ya baiskeli yake, akaita, "Bi Tahiya! Mikate!" Sikujibu. Nilikuwa nimekaa kitini karibu na dirisha, kikapu kiko mapajani, kamba nimeishika. Najua ni vibaya. Mtu wa umri wangu hamjaribu mwenzake kama mtoto. Lakini nilitaka kujua.

Juu kulikuwa na ile dum, dum, dum. Ikaendelea. Nikaanza kujiambia, haya, ana kazi zake, mashuka ni mengi. Kisha ikasita. Nikasikia miguu inavuka chumba mpaka dirishani, ikasimama hapo kidogo. Halafu nikaisikia kwenye ngazi, mbio, miguu mitupu inayopiga majimaji kwenye mbao. Ufunguo alikuwa nao, nilisikia ukigongana na bangili yake, na angeweza kufungua akaingia. Hakufungua. Alisimama nje ya mlango anahema.

"Hodi, Bi Tahiya!"

Nilikusudia kungoja ya pili, nione kama atarudia. Nikashindwa.

"Karibu!" nilisema, na sauti yangu ilitoka kubwa hata Mabrouk akainua kichwa huko chini. "Karibu, mwanangu. Karibu ndani."